Watwale wa Nyungu ya Mawe, jirani na Inyonga

Leo Inyonga ni makao makuu ya Wilaya ya Mlele, mkoani Katavi. Ni nchi ya Wakonongo, wawindaji na warina asali wa miombo, na barabara ya Mpanda kwenda Tabora kupitia Sikonge inakatiza hapo. Katika karne ya 19 misafara ya pembe za ndovu ilipita Ukonongo kati ya Tabora na Ziwa Tanganyika. Stanley naye alipita mwaka 1871 akimtafuta Livingstone.

Nchi iliyopitiwa na pembe ilipitiwa pia na bunduki. Kaskazini alikuwapo Mtemi Mirambo wa Urambo. Upande wa mashariki, Ukimbu, aliinuka mtu ambaye vitabu vya shule humtaja kwa mstari mmoja: Nyungu ya Mawe. Nadhani anastahili zaidi ya hapo, na si kwa sababu ya vita vyake.

Alitoka katika ukoo wa kitemi wa Unyanyembe. Mtemi wa huko, Mnywa Sele, aliyepigana na Waarabu wa Tabora, aliuawa mwaka 1865, na Nyungu akaenda zake akiwa na kundi la rugaruga, yaani wapiganaji wake. Alikuwa na jicho moja, jingine lilikuwa limeharibika vitani. Katika miaka ya 1870 aliiteka Kiwele, huko Ukimbu, akaifanya makao yake, kisha akaendelea kuzimeza himaya ndogo za Wakimbu, ambazo zilikuwa zaidi ya 30.

Kuteka wengi waliweza. Kazi ilikuwa kuwatawala watu waliotekwa, tena katika misitu mipana isiyo na wakazi wengi. Nyungu hakuwang'oa watemi. Aliwaachia matambiko, mvua na heshima ya ukoo, mambo ambayo mgeni hawezi kuyanyang'anya bila kuasiwa. Juu yao aliweka watwale, yaani magavana wake mwenyewe, kila mmoja akisimamia himaya kadhaa. Mtwale hakuwa na ukoo wa kumtetea pale alipopangiwa. Cheo chake kilitoka Kiwele. Pembe za ndovu zilizopatikana katika eneo lake zilipita mikononi mwake hadi kwa Nyungu, na kwa pembe hizo zilinunuliwa bunduki na baruti.

Mpangilio huo ulipimwa Desemba 1884, mwezi ambao Mirambo na Nyungu wote wawili walifariki. Huko Urambo, dola ya Mirambo ilianza kumeguka, kwa kuwa ilishikiliwa zaidi na hofu na heshima ya mtu mmoja. Mrithi wake Mpandashalo aliuawa vitani mwaka 1890. Ukimbu mambo yalikwenda tofauti. Kiti kilikaliwa na mwanamke, Mgalula, binti yake Nyungu, na watwale wakaendelea kumtii na kumpelekea pembe kama walivyompelekea baba yake. Rugaruga waliozoea kufuata mbabe wa vita walikubali kuongozwa na binti yake, na sioni maelezo mengine ila kwamba kufikia hapo walikuwa wakitii utawala, si mtu.

Baada ya Mgalula alikuja Msavila. Dola hiyo haikuangushwa na ugomvi wa warithi. Ilivunjwa na Wajerumani katikati ya miaka ya 1890, zaidi ya miaka kumi tangu mwasisi wake azikwe.