Vasan wa Madras, fundi wa matangazo

Zikitajwa filamu za Kihindi, akili za wengi wetu hukimbilia Bombay. Lakini mtengenezaji filamu S. S. Vasan alitoka kusini, wilaya ya Thanjavur, kwa Watamil, na biashara yake ya mwanzo ilikuwa ya magazeti. Alifiwa na baba angali mdogo, akakulia Madras kwa jitihada za mama, akaingia katika kutafuta matangazo ya magazeti na kuuza bidhaa kwa posta. Mwaka 1928 alinunua kwa rupia 200 Ananda Vikatan, jarida la vichekesho lililokuwa likikata roho. Akalifufua kwa hadithi za mfululizo na mashindano ya mafumbo ya maneno. Riwaya yake, Sathi Leelavathi, ikatengenezwa filamu mwaka 1936, na humo ndimo alimoanzia kuigiza M. G. Ramachandran, aliyekuja kuwa waziri kiongozi wa Tamil Nadu.

Mwaka 1940 alinunua studio iliyokuwa imeungua moto, akaiita Gemini. Alama yake ikawa watoto pacha wanaopuliza tarumbeta. Waandishi na wacheza ngoma waliajiriwa kwa mshahara. Alikuwapo hata mtu wa kukata habari magazetini na kuziweka kwenye mafaili, naye ni Ashokamitran, kabla hajawa mwandishi mashuhuri wa Kitamil.

Kisha ikaja filamu Chandralekha, 1948. Ilichukua miaka mitano. Mwongozaji wa kwanza, T. G. Raghavachari, alipojitoa, Vasan akaishika mwenyewe. Kisa chenyewe, kusema kweli, ni chepesi: wana wawili wa mfalme wanagombea kiti na msichana mmoja. Lakini ile ngoma! Mamia ya wachezaji wanarukaruka juu ya ngoma kubwa zilizopangwa uwanjani mwa kasri, mwana aliyenyakua kiti akikodoa macho, kumbe matumboni mwa ngoma wamejazana askari. Wakatoka na panga.

Gharama, zinazotajwa kufika rupia milioni 3, hazikurudi kwa watazamaji wa Kitamil peke yao. Hapo ndipo yule mtu wa matangazo alipomwokoa mtengenezaji filamu. Desemba mwaka huohuo alitoa toleo la lugha ya Kihindi, amebadili baadhi ya waigizaji, akalipigia debe magazetini na kwa mabango kwa kishindo ambacho India haikuwa imekizoea, na fedha zikaingia. Wenzake wa Madras wakaiona njia: studio ya AVM ikapeleka filamu Bahar kwa watazamaji wa Kihindi mwaka 1951. Vasan naye mwaka 1955 akawakutanisha nyota Dilip Kumar na Dev Anand katika Insaniyat, filamu pekee waliyocheza pamoja, ingawa kwangu mimi majina hayo mawili yalikuwa makubwa kuliko filamu yenyewe.

Aliingia Rajya Sabha, baraza la juu la bunge la India, mwaka 1964. Mwaka 1969 akatunukiwa nishani ya Padma Bhushan, na Agosti mwaka huo akafariki. Studio ilififia katika miaka ya 1970. Daraja la magari lililojengwa karibu nayo mwaka 1973 lina jina rasmi la kiongozi Annadurai; wakazi wa jiji wanaliita Gemini.