Jenerali wa Farasi katika Nchi ya Ng'ombe

Mwishoni mwa Julai 1916, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, askari wa Afrika Kusini waliteremka kutoka Kondoa wakaikata Reli ya Kati. Dodoma waliitwaa tarehe 29. Baada yake ikaanguka stesheni ya Saranda, iliyo chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, na juu ya ukuta huo Kilimatinde, ambako Wajerumani walikuwa na boma tangu miaka ya 1890. Siku hizohizo kikosi kingine kiliingia Singida. Hivyo ndivyo utawala wa Mjerumani ulivyokoma katika sehemu kubwa ya eneo ambalo leo ni Mkoa wa Singida, na aliyeongoza mwendo huo ni Kaburu mmoja mrefu, mzito wa maneno, Jacob Louis van Deventer.

Wanahistoria wa vita wamemsifu kama mpanda farasi hodari aliyewazunguka Wajerumani kwa kasi wasiyoitarajia. Sifa hiyo ina haki yake. Lakini tukimpima hapa, kwa nyasi, maji, wadudu na chakula cha nchi hii, safari yake inasomeka tofauti kabisa.

Alizaliwa mwaka 1874 Ficksburg, katika dola ya Makaburu ya Orange Free State. Mwaka 1896 alijiunga na jeshi la mizinga la Transvaal, na vita vya Makaburu na Waingereza vilipozuka mwaka 1899 alikuwa miongoni mwa waliopigana tangu mwanzo. Baadaye akawa msaidizi wa Jan Smuts, jenerali wa Makaburu, katika uvamizi wa Koloni la Rasi. Risasi ilimpata kooni, na tangu hapo hadi kufa sauti yake ilikuwa ya mkwaruzo, karibu ya kunong'ona. Kiingereza alikisema kwa shida. Mbele ya maofisa wa Kiingereza alipenda kuzungumza kupitia mkalimani. Kwamba mtu huyu, aliyewapiga risasi Waingereza kwa miaka karibu mitatu, alikuja kuongoza majeshi yao Afrika Mashariki, ni jambo la kutafakari. Waliokuwa maadui walikuwa wamekwisha kupatana. Mwafrika hakuwamo katika mapatano hayo.

Machi 1916 van Deventer alikuwa Kilimanjaro na Brigedi ya Kwanza ya Farasi ya Afrika Kusini, chini ya Smuts yuleyule, ambaye sasa aliongoza majeshi ya Uingereza huku. Hawa hawakuwa wapanda farasi wa mikuki na panga. Farasi kwao alikuwa usafiri: wanamwendesha hadi karibu na adui, wanashuka, wanapigana kwa bunduki wakiwa chini. Katika nyika za kwao mbinu hiyo iliwapa ushindi mwingi, na Smuts aliamini itafanya kazi hata huku.

Aprili ilipoanza, waliondoka Arusha kuelekea kusini. Kituo cha kwanza kilikuwa mlima Lolkisale, ambako Wajerumani walikuwa wamezishika chemchemi. Kwa siku mbili za mapigano farasi walikaa na kiu, maana maji yote ya karibu yalikuwa mikononi mwa adui. Walinzi waliposalimu amri, mateka walizidi 400, wengi wao askari weusi. Tarehe 19 Aprili Kondoa ikawa mikononi mwa van Deventer. Alikuwa amesafiri zaidi ya kilomita 200 katika muda usiozidi wiki tatu, mvua za masika zikimpiga mgongoni.

Kati ya farasi wapatao 1,200 walioanza safari, karibu nusu tu walifika.

Waliobaki njiani hawakuuawa na risasi. Kuna tauni ya farasi, inayoenezwa na vijidudu vidogo kuliko mbu, ambavyo hustawi baada ya mvua. Asubuhi mnyama anakula vizuri. Jioni anahema kwa nguvu, povu jeupe linamtoka puani kama maziwa yanayofurika sufuriani, na huenda usiku hauishi kabla hajaanguka. Kuna na mbung'o, ambaye wafugaji wa Manyoni na Itigi hawahitaji kuelezwa habari zake. Mgogo na Mnyaturu walijua ni pori gani ng'ombe asipitishwe na ni wakati gani. Ujuzi huo ulikuwa wa vizazi. Jenerali aliingia bila huo, na farasi wake wakaulipia.

Kondoa akakwama. Barabara nyuma yake iligeuka tope, magari yakazama, na askari wake wakaishi kwa walichokipata kwa wenyeji. Von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, alileta majeshi yake haraka akashambulia usiku wa tarehe 9 Mei. Mashambulizi yakarudishwa nyuma, na Wajerumani wakapoteza maofisa muhimu. Van Deventer alisubiri hadi Julai ndipo akapata nguvu ya kuielekea reli. Kufikia hapo wengi wa wapanda farasi wake walikuwa wakitembea kwa miguu.

Na wenyeji? Watu wa Singida walikuwa wamekwisha kuzijua bunduki za Mjerumani. Simulizi za Wanyaturu zinamkumbuka Liti, mwanamke aliyeongoza upinzani mwanzoni mwa karne ya 20, nyuki wakiwa silaha yake. Leo uwanja wa mpira wa Singida una jina lake. Kuondoka kwa Mjerumani hakukuleta nafuu. Jeshi lililokimbia lilichukua ng'ombe, mtama na vijana wa kubeba mizigo, na jeshi lililofuata likachukua tena. Farasi walipokufa, mzigo uliokuwa wa mnyama ulihamia kichwani pa mtu.

Ghala zikiwa tupu na wenye nguvu wakiwa wamepelekwa upagazi, mvua nazo zikagoma. Wagogo waliiita njaa iliyofuata Mtunya. Ilianza baada ya vita kupita na kudumu hadi mwaka 1920, mafua makali ya 1918 yakija juu yake. Makadirio yanataja watu wapatao 30,000 waliokufa Ugogo, katika wakazi wapatao 150,000. Mmoja kwa kila watano. Kwangu mimi, takwimu hii ndiyo inayopaswa kuandikwa kando ya kilomita za jenerali kila zinapotajwa.

Van Deventer mwenyewe alisonga mbele. Mei 1917 alikabidhiwa uongozi wa majeshi yote ya Uingereza Afrika Mashariki. Oktoba mwaka huo majeshi yake yalipata hasara kubwa Mahiwa, kusini, katika vita vya miguu, na Novemba von Lettow-Vorbeck akavuka Ruvuma kuingia Msumbiji. Mjerumani huyo hakukamatwa kamwe. Alisalimu amri Abercorn, Mbala ya leo, tarehe 25 Novemba 1918, wakati Ulaya ilikuwa imekwisha kuacha kupigana wiki mbili nyuma. Van Deventer alirudi kwao akiwa luteni jenerali mwenye nishani ya ufalme wa Uingereza. Mwanzoni mwa 1922 aliitwa tena kusaidia kuuzima uasi wa wachimba migodi wa Johannesburg, na Agosti mwaka huohuo akafariki, akiwa na miaka 48.

Maisha yake yameandikwa Afrika Kusini na Uingereza. Ya wapagazi wa Kilimatinde, Saranda na Singida hayajaandikwa hivyo, ingawa wajukuu na vitukuu wao bado wanaishi katika vijiji vilevile.