Vidole Vimekwenda Wapi?

Nimeadimika wiki mbili hizi. Test zilikuwa zinafuatana kama daladala za asubuhi, na bumu lenyewe... tuyaache hayo. Leo nimekuja na historia, ila naomba mnivumilie, maana haihusu Majimaji wala Mkutano wa Berlin.

Kwenye kozi yetu ya mbinu za historia tunaambiwa chanzo chochote kiulizwe kwanza: nani alikitengeneza, alitumia chombo gani, na kitu gani kimeachwa nje. Wenzangu wakisikia hivyo wanawaza barua za wamisionari na sarafu za Kilwa. Mimi ni mtu wa gemu, hosteli nzima inajua, kwa hiyo maswali hayo nimeyapeleka kwenye video za watu wanaocheza gemu kwenye kishikwambi. (Kwa mlio nje ya Tanzania: kishikwambi ndiyo tableti. Neno lilikolea wakati wa Sensa ya 2022, makarani walipopita navyo nyumba kwa nyumba, kisha vifaa vyenyewe vikagawiwa walimu. Kwa hiyo sisi wa ualimu msituguse, hicho ni kifaa cha kazi, teh teh.)

Nilichokiona ni kwamba zile video mbovu za mwanzo, zinazotikisika na kung'aa mwanga wa taa, ndizo zenye historia nyingi. Hizi safi za leo zina gemu tu. Mchezaji hayumo.

Turudi nyuma kidogo, kabla vishikwambi havijazaliwa. Watu walianza kurekodi gemu kwa sababu ya ubishi: nani kapata alama ngapi, na nani shahidi? Kule Marekani, ukumbi wa Twin Galaxies uliofunguliwa na Walter Day mjini Ottumwa, Iowa, mwaka 1981 ndio uliogeuka kuwa mtunzaji wa alama za juu, na baadaye watu wakawa wanatuma kaseti za VHS kama ushahidi. Hiyo ndiyo njia ya kwanza, kurekodi picha.

Njia ya pili mimi naipenda zaidi kwa ujanja wake. Gemu ya Doom ilipotoka Desemba 1993 ilikuja na uwezo wa kurekodi bila kurekodi picha hata moja. Ilichokihifadhi ni kile mchezaji alichofanya: kwenda mbele, kugeuka, kupiga risasi. Inaandika mara 35 kila sekunde, na kila mara inatumia baiti 4 tu. Pigeni hesabu wenyewe, dakika nzima haifiki hata kilobaiti 9! Ukitaka kutazama, gemu inajicheza upya kwa kufuata zile hatua. Kasoro yake moja ni kwamba lazima uwe na gemu yenyewe, tena toleo linalolingana. Bila hivyo ni kama kuachiwa maelezo ya kupika biriani wakati mchele na jiko vimeshaondoka.

Shikeni tofauti hiyo, picha na hatua, maana tutaikuta tena mbele.

Sasa iPad ya kwanza ikaingia sokoni Marekani tarehe 3 Aprili 2010. Haikuwa na kamera, na haikuwa na njia yoyote ya kawaida ya kurekodi kilichomo kwenye skrini. Apple walikuwa na hoja, na nadhani ilikuwa hoja ya haki. Kila programu ilifungiwa kwenye chumba chake, isichungulie ya jirani. Programu inayoweza kuona skrini yako yote inaweza kuona nywila yako na meseji zako pia. Lakini mtu aliyekaa usiku kucha akashinda Infinity Blade Desemba ile ya 2010 hakuwa na habari na nywila. Alitaka kuonyesha watu. Wengine wakavunja ulinzi wa mashine zao ili waweke programu za kurekodi zisizoruhusiwa. Waliobaki wakafanya kitu cha kibinadamu kabisa: wakapanga vitabu mezani, wakaegesha kamera juu yake, wakairekodi skrini kutoka nje.

Matokeo yake mnayajua. Rangi zimepauka, taa ya darini inaonekana kama mwezi katikati ya vita, alama za mafuta ya vidole kila mahali. Lakini tumia maswali ya darasani uone utajiri wake. Unaona kama mtu anacheza kwa vidole gumba viwili au ameweka kifaa mezani na anadonoa kwa kidole cha shahada. Unaona anavyosita. Unaona mkono unavyotoa jasho na kufutwa kwenye suruali. Na hapa kishikwambi kina jambo lake ambalo TV na mashine za zamani hazina: pale unapotazama ndipo unapobonyeza. Kidole kinaziba picha. Kucheza vizuri ni pamoja na kujua kucheza na kile usichokiona chini ya kidole chako mwenyewe, na jambo hilo kamera ya nje peke yake ndiyo inayolishuhudia.

Baada ya hapo kila mwaka ukaja na hatua ya kuisafisha picha. iPad 2 ya mwaka 2011 iliweza kuakisi skrini yake kwenye TV kwa waya, na Oktoba mwaka huo huo iOS 5 ikaruhusu kuakisi bila waya kupitia Apple TV. Zikatokea programu kama Reflector zinazoifanya kompyuta ijidai ndiyo Apple TV, halafu unarekodi kwenye kompyuta. Mwaka 2014, kwa iOS 8 na Mac yenye Yosemite, ikawa kuchomeka kebo tu na kufungua QuickTime. Kuna kituko kimoja hapo kinachonifurahisha sana. Ukirekodi kwa njia hiyo, ile mistari ya juu ya skrini ilijipamba yenyewe: betri imejaa, mtandao umejaa, na saa inasoma 9:41, yaani saa 3 na dakika 41 asubuhi kwa saa zetu, hata kama unarekodi usiku wa manane. 9:41 ndiyo saa ambayo Apple huiweka kwenye picha zao za matangazo. Kwa hiyo mwanahistoria wa kesho akidhani watumiaji wa iPad wa 2014 walikuwa wanaamka pamoja na kuchaji pamoja, msimlaumu, chanzo kimemdanganya!

Upande wa Android, ambako ndiko wengi wetu tunaishi, mambo yalikwenda kivyake. Mwanzoni ilikuwa ukiruti kifaa chako, tena kwa kusali kisife. Android 4.4 ya Oktoba 2013 ikaleta amri ya kurekodi skrini, ila njia ya kawaida ilikuwa kuchomeka kwenye kompyuta na kuandika maneno kama fundi mitambo, na dakika 3 zikifika inakata. Mlango ulifunguka kweli na Android 5.0 mwishoni mwa 2014, pale programu yoyote ilipoweza kuomba ruhusa yako na kurekodi bila kuruti. Kuanzia hapo tukapata msururu wa programu za bure zilizojaa matangazo. Hatimaye iPad ikapewa kitufe chake cha kurekodi kwenye iOS 11 Septemba 2017, na Android ikaweka cha kwake kwenye toleo la 11 mwaka 2020. Miaka 10 kwa ajili ya kitufe kimoja.

Lakini sauti! Hapo Android ilituachia zawadi bila kukusudia. Mpaka Android 10 ya mwaka 2019, programu za kawaida za kurekodi hazikuweza kuchukua sauti ya gemu moja kwa moja, zilisikiliza kwa maikrofoni. Kwa hiyo video nyingi za miaka hiyo zina picha safi lakini masikio yamebaki chumbani. Kishikwambi changu cha mtumba ni cha kizazi hicho. Nina rekodi ya mwaka wa kwanza, gemu ya mbio za magari, na nyuma yake yupo roommate akimwambia mama yake kwenye simu kwamba anakula vizuri tu. Hakuwa anakula vizuri, wadau. Wote tulikuwa tunajua.

Kuna tawi jingine la historia hii lililokatika. Mwaka 2012 zilianza Everyplay, ya Applifier ya Finland, na Kamcord ya Marekani. Hizi ziliingizwa ndani ya gemu zenyewe na mtengenezaji, hivyo unabonyeza, inarekodi, unawatumia watu. Wazo zuri sana. Unity wakainunua Applifier mwaka 2014, na Everyplay ikafungwa mwaka 2018. Video ambazo wenyewe hawakuzipakua zilipotea nayo. Na ile njia ya hatua ya kina Doom nayo ilirudi: Clash of Clans, iliyotoka 2012, inakuonyesha shambulio lako kwa kulicheza upya, si kwa video. Toleo jipya likija, marudio ya zamani hayafunguki. Mchele na jiko vimeondoka.

Tena gemu zenyewe zinaondoka. Flappy Bird iliondolewa na mtengenezaji wake, Dong Nguyen, Februari 2014. Infinity Blade zote tatu zilitolewa sokoni Desemba 2018. Mtu asiyekuwa nayo leo atabaki na video, na sanasana video ya yule wa vitabu mezani.

Niwaambie kwa nini nimeshikilia jambo hili. Kaka yangu, mtoto wa baba mkubwa, alifariki mwaka 2019. Picha zake tunazo, za sare ya shule, za harusi za watu, amesimama wima kama mlingoti. Video anayosikika akiongea ni moja tu. Dada aliipiga kwa simu mwaka 2015, kaka akicheza gemu kwenye kishikwambi cha baba. Sekunde 41. Uso hauonekani. Yanaonekana mikono yake, lile kovu la panga kwenye gumba la kushoto, na anasema, "Sogea bwana, unaniziba taa." Mama mkubwa hajui gemu ni kitu gani, lakini hiyo video ameiweka kwenye simu yake. Ingekuwa imerekodiwa kwa kitufe cha siku hizi, tungekuwa na gari jekundu linalozunguka kona.

Cha ajabu, wachezaji wenyewe wameanza kuvirudisha vidole. Kwenye PUBG Mobile, iliyosambaa duniani 2018, mtu anayelenga vizuri kupita kiasi anaambiwa mwizi, anatumia programu za udanganyifu. Video safi haimsaidii. Inabidi aweke kamera juu ya mikono, watu wahesabu vidole: viwili, au vinne vilivyokunjwa kama kucha za mwewe. Tumezunguka mpaka kwenye ubishi wa Ottumwa. Android ina mpangilio wa kuonyesha nukta pale unapogusa, lakini nukta haisemi ni kidole kipi, wala cha nani.

Kazi ya kozi naikabidhi mwezi ujao na bado natafuta vyanzo. Mwenye video ya zamani ya mtu akicheza gemu kwenye tableti, iliyopigwa kutoka nje kwa simu, hata iwe mbaya namna gani, naomba asiifute kabla sijaiona. Nipo hosteli ya nyuma ya kafeteria, na memori kadi ninayo.