UZI: Tarehe ya kuzaliwa ya mfanyakazi wa serikali, na kwa nini tunaigombania

1/ Kila msimu wa siasa hoja hizi mbili hurudi. "Wazee wanapunguza miaka ili wasistaafu, vijana wakose kazi." Na "Mzee anatolewa kazini mapema kwa kosa la karani." Hapa Siakago nazisikia zote kwenye meza moja ya chai. Sitaji mtu wala chama. Tuangalie historia.

2/ Sheria ya kuandikisha vizazi na vifo Kenya ni ya 1928. Lakini kwa Mwafrika haikuwa lazima kwa miaka mingi. Ilisambazwa polepole, eneo baada ya eneo, ikafikia nchi nzima 1971. Mtoto aliyezaliwa nyumbani huku Mbeere 1966 angeweza kabisa kukosa kuandikwa popote. Si eti mamake alizembea. Daftari lenyewe lilichelewa kufika.

3/ Kipande kilikuja mapema, kwa sheria ya 1915. Lakini mkoloni alitaka alama za vidole na jina la mwajiri wa kila mwanamume wa miaka 16 kwenda juu. Alikuwa anahesabu nguvu za kazi. Siku yako ya kuzaliwa ilimhusu nini?

4/ Wazee wetu walikuwa na kalenda yao: rika, mwaka wa njaa, Hali ya Hatari, mafuriko ya 1961, Uhuru. Mama akisema "huyu alikuja baada ya Uhuru, wakati wa kupanda," anajua anachosema. Fomu nayo inataka siku, mwezi na mwaka. Basi mwalimu akajaza yake, padri yake, karani wa kitambulisho yake. Ndiyo maana wengi sana nchini "walizaliwa" tarehe 1 Januari.

5/ Kuna pesa hapa. Umri wa kustaafu ulikuwa 55, ukapandishwa kuwa 60 mwaka 2009. Katika mfumo wa zamani wa pensheni, kila mwezi uliofanya kazi ni 1/480 ya mshahara wako wa mwisho. Ukiandikwa umezeeka kwa miaka 2 zaidi, umepoteza miezi 24. Hiyo ni 24/480, yaani asilimia 5 ya mshahara huo, kila mwezi hadi kaburini. Na mshahara wa miaka 2 juu yake.

6/ Upande wa pili pia una hoja. Cheti cha kuzaliwa kinaweza kuombwa kwa kuchelewa, hata ukiwa na miaka 50. Kwa hivyo mtu anaweza kuja na karatasi mpya akikaribia kustaafu. Ndiyo sababu serikali hushikilia tarehe uliyoandika ulipoajiriwa mara ya kwanza.

7/ Lakini Katiba ya 2010, kifungu cha 35(2), inampa kila mtu haki ya kusahihishiwa habari isiyo ya kweli inayomwathiri. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inasema hivyo hivyo kuhusu data ya mtu. Hapo ndipo mgongano uko.

8/ Msimamo wangu: tusiulize mzee ana sura ya miaka mingapi. Tuulize ni karatasi gani iliandikwa kabla ya kazi kupatikana. Rejista ya shule ya msingi au kitabu cha ubatizo cha miaka ya 60 hakikuandikwa ili mtu aongezewe mshahara. Cheti cha mwaka jana pekee hakitoshi. Na ombi lije mapema, si miezi mitatu kabla ya kuaga ofisi.

9/ Waliozaliwa 1971 watafikisha 60 mwaka 2031. Kizazi kilichozaliwa kabla ya daftari kufika kila mahali kinamalizikia kazini sasa hivi. Mwanasiasa akisimama kuwaita wote wezi wa miaka, au kuwatetea wote bila kuangalia, muulize swali moja: utapima kwa karatasi ipi?

10/ Na wewe uliye na mtoto mchanga, nenda kwa naibu wa chifu kabla ya miezi 6 kuisha. Usimwachie vita hivi.