Kutoka Orodha ya Vifo hadi Msimbo wa Kupona: Jeraha la Misuli ya Kigasha nchini Marekani
Mwaka 1893, Jacques Bertillon aliwasilisha mjini Chicago orodha ya visababishi vya vifo. Msuli wa kigasha uliovutika, kwa kuwa hauui, haukuwa na nafasi humo. Shirika la Afya Duniani lilipochukua jukumu hilo mwaka 1948, toleo la sita lilijumuisha pia maradhi na majeraha yasiyoua. Hata hivyo, katika ICD-9-CM, iliyotumika Marekani tangu 1979, msimbo 841.9 ulichanganya kiwiko na kigasha, kuteguka kwa kiungo na kuvutika kwa msuli, pasipo kutaja upande.

Mabadiliko yalianza kutumika tarehe 1 Oktoba 2015. Msimbo S56.911 ulibainisha kigasha cha kulia, na herufi ya saba ikaonyesha hatua: A kwa tiba ya jeraha lenyewe, D kwa uangalizi wakati wa kupona, S kwa athari za baadaye. Kinachoamua ni hatua ya tiba, si idadi ya mahudhurio wala ugeni wa daktari. Kwa hiyo, D inapoandikwa A kimakosa, jeraha moja huweza kuhesabiwa kuwa mawili, na takwimu za majeraha zikapotoka.