Kaya ni mji, wala si pori tu

Kuna maneno tunayoyatumia kila uchao bila kujiuliza yanaficha nini. 'Ustaarabu' ni mojawapo. Asili yake ni Kiarabu, na maana yake ya awali ni kuwa kama Mwarabu. Basi anayeyaita magofu ya pwani ushahidi wa ustaarabu huwa ameshamtaja mjenzi hata kabla ya kuchimba shimo moja.

Ndivyo mambo yalivyokuwa Gede. James Kirkman, aliyeanza kazi pale mwaka wa 1948, aliuita mji wa Kiarabu katika anwani ya kitabu chake cha 1954. Kilichomvutia zaidi ni mawe: misikiti, kasri na makaburi. Nyumba za udongo na makuti, ambamo wengi waliishi katika miji ya Waswahili, haziachi kuta za kupigiwa picha.

Shanga, kisiwani Pate, ilitoa jibu tofauti. Katika miaka ya 1980, Mark Horton alichimba chini ya msikiti wa mawe akakuta misikiti mingine, ya kale zaidi ikiwa ya miti, ya karne ya 8. Palikuwa pia na ua katikati ya mji. Horton aliufananisha mpangilio huo na kaya za Wamijikenda. Mwaka wa 1987, Henry Mutoro naye alikuwa amezifanya kaya zenyewe mada ya tasnifu yake ya uzamifu.

Hebu tuitazame kaya kama mji. Ina njia nyembamba zinazopita msituni, milango, uwanja wa kati, fingo lililozikwa na makaburi ya wazee. Msitu uliouzunguka mji haukusahauliwa pale. Uliachwa makusudi uwe ngome na hazina ya dawa. Mashamba yalilimwa nje yake. Huo ni mpango wa matumizi ya ardhi, ingawa haukuchorwa kwenye karatasi.

Tatizo ni kwamba karatasi ndiyo iliyosikizwa. Sheria ya mwaka wa 1908 kuhusu hatimiliki za Pwani iliwataka wenye ardhi wawasilishe madai yao. Ardhi isiyodaiwa kwa utaratibu huo ikawa ya Serikali ya Kikoloni. Wamijikenda, ambao ardhi yao ilimilikiwa kwa mila, wakapoteza. Ati mjukuu wa waliopanga mji akaja kuitwa 'skwota'!

UNESCO iliiorodhesha misitu ya kaya mwaka wa 2008, na Gede mwaka wa 2024. Ni jambo jema. Hata hivyo, naona tungali tunavisimulia vitu hivi kama hadithi mbili: mawe ni historia, msitu ni mazingira. Mwanafunzi anayepelekwa Gede apelekwe na kaya pia, kwa idhini ya wazee, aelezwe kwamba pale palikuwa mji.

Siku hizi neno 'kaya' tunalisikia zaidi wakati wa sensa, kwa maana ya watu wa nyumba moja. Maana ile pana, ya mji na ardhi yake, nayo istahili nafasi katika vitabu vya shule na katika mabaraza yanayoamua kesi za mashamba.