Nyaraka Chini ya Udongo: Tabora na Maana ya Kuhifadhi



Kiswahili kina vitenzi viwili vinavyotofautiana kwa irabu moja tu: kufukia na kufukua. Cha kwanza ni kukitia kitu shimoni na kukifunika kwa udongo. Cha pili ni kukitoa humo. Mhadhara wangu wa leo unahusu jambo lililotokea baina ya vitenzi hivi viwili, katika mji wa Tabora.

Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, serikali ya kikoloni ya Wajerumani ilihamia bara, na hatimaye ikaweka makao yake Tabora, mji uliofikiwa na Reli ya Kati mwaka 1912. Majalada ya serikali nayo yalisafirishwa. Tarehe 19 Septemba 1916 majeshi ya Wabelgiji kutoka Kongo yaliingia mjini humo. Lakini kabla ya kuondoka, maofisa wa Kijerumani walikuwa wamekwisha kufukia nyaraka ardhini. Baadaye, chini ya utawala wa Waingereza, nyaraka hizo zilifukuliwa. Leo kumbukumbu za enzi ya Wajerumani zimo katika Nyaraka za Taifa, Dar es Salaam, na mwaka 1997 UNESCO iliziingiza katika orodha yake ya Kumbukumbu ya Dunia.

Yafaa tujiulize kwa nini mtu anayekimbia vita achimbe shimo kwa ajili ya makaratasi. Jibu ni kwamba makaratasi hayo yalikuwa mamlaka yenyewe. Ndani yake mliandikwa nani amepewa ardhi ipi, nani anadaiwa kodi, nani ameajiriwa na nani ameadhibiwa. Aliyeyafukia hakutaka kuwahifadhia wenyeji kumbukumbu zao; alitaka kumnyima adui chombo cha kutawalia. Kwamba sisi tumerithi nyaraka hizo ni tokeo ambalo yeye hakulikusudia.

Je, zimefukuliwa kweli? Mwanafunzi wa leo anayefungua jalada la enzi hiyo hukutana na Kijerumani, mara nyingi katika mwandiko wa mkono wa kale ambao hata Wajerumani wengi wa sasa hawausomi kwa urahisi. Barua za Kiswahili za karne ya 19, zilizoandikwa na maliwali, majumbe na wafanyabiashara, nazo kwa kawaida ziliandikwa kwa hati za Kiarabu, na wanafunzi wetu wachache tu wanafundishwa kuzisoma. Udongo umeondolewa, lakini hati na lugha zimebaki kama tabaka la pili. Waraka usio na msomaji bado umefukiwa, hata uwe juu ya rafu yenye namba.

Hapa neno letu lenyewe linatufundisha. Kuhifadhi, katika Kiswahili, ni kuweka kitu kisiharibike. Tena ni kukitia moyoni, kama mwanafunzi wa chuo ahifadhivyo sura za Kurani. Maana ya kwanza huhitaji jengo. Maana ya pili huhitaji mtu. Tabora ilikuwa na hifadhi ya namna hii ya pili muda mrefu kabla ya Wajerumani kuingia.

Burton na Speke walipofika Kazeh, katika eneo la Unyanyembe, Novemba 1857, walikuta kituo cha biashara ambacho misafara ya pwani na ya Wanyamwezi ilikwisha kukizoea. Mpagazi aliyebeba mzigo wa frasila mbili, yaani kilo 32 hivi, hakuacha daftari. Aliacha maneno. Hongo ulikuwa ushuru ambao misafara iliwalipa watemi ili kupita katika nchi zao. Leo ni rushwa. Posho ilikuwa nguo au shanga alizopewa mpagazi ajinunulie chakula njiani. Leo nchini Uganda ni unga wa mahindi na chakula kipikwacho kwa unga huo, na kwetu ni malipo ambayo wajumbe wa vikao huyaulizia mapema. Mabadiliko hayo ya maana ni historia. Neno hongo lingali linashuhudia kwamba zamani palikuwa na mtemi mwenye haki ya kutoza, na kwamba haki hiyo ilikuja kuhesabiwa kuwa kosa.

Tukio moja laonyesha hatari iliyopo. Januari 1893 jeshi la Wajerumani liliiteka ngome ya mtemi Isike wa Unyanyembe, naye akajilipua kwa baruti asichukuliwe mateka. Katika taarifa ya mshindi, huo ni mwisho wa uasi. Katika masimulizi ya Wanyamwezi, ni mwisho wa mtu aliyekataa kutawaliwa. Mwanahistoria anayetegemea jalada peke yake atarithi neno “uasi” bila kuuliza ni nani aliyekuwa mgeni.

Namalizia Kipalapala, kando ya mji huo. Mapadri Weupe walikuwa na misheni hapo katika miaka ya 1880, wakiwatunza watoto waliokombolewa utumwani, kisha wakaiacha mwaka 1889. Kanuni ya shirika lao iliagiza kila kituo kiandike habari zake siku kwa siku. Watoto hao, kwa hiyo, tunawajua zaidi kwa kalamu ya waliowalea, tena kwa Kifaransa. Lakini karne ya 20 ilileta Kipalapala seminari kuu, mwaka 1925, na kiwanda cha uchapaji kilichotoa vitabu vingi vya Kiswahili. Mchapaji hulinda maandishi kwa njia iliyo kinyume cha shimo: huyazidisha, akayatawanya mikononi mwa wengi.

Ombi langu kwa idara zetu ni la kawaida. Tufundishe tena kusoma Kiswahili cha hati za Kiarabu. Tuwaandae watafiti wachache wajuao mwandiko wa Kijerumani cha kale. Tuwatume wanafunzi Urambo, Kwihara na Kipalapala wakiwa na vinasa sauti, na wakirudi tuyachapishe waliyoyasikia. Mashimo ya mwaka 1916 yalifukuliwa na watu waliojua mahali pa kuchimba. Wazee wanaojua pa kuchimba katika masimulizi haya wanapungua kila mwaka.